Kama hofu ya Mungu inatosha, kufuli tatu za nini?

#1 FundiSimu (Arua)

Habari zenu wakuu. Nina swali, na naomba mnijibu kabla ya kunipeleka motoni.

Kikundi chetu cha akiba tuko watu 28, wengi wa sokoni. Tunakutana Jumapili saa nane mchana, watu wakishatoka kanisani. Mtunza sanduku wetu kahamia Koboko, tukawa tunatafuta mwingine, na jina langu likatajwa. Kabla mikono haijanyooshwa, mama mmoja anayeuza dagaa akauliza: "Kwanza huyu anasali wapi?"

Nikasema ukweli. Sisali, sina kanisa, na siamini kama Mungu yupo. Nilidhani watacheka. Kimya kikatanda mpaka ukasikia mashine ya kusaga ya ng'ambo ya barabara. Halafu yule mama akasema, wala si kwa hasira, kwa huruma kabisa: "Mwanangu, mtu asiyemwogopa Mungu, usiku akiwa peke yake na sanduku, atazuiwa na nini?" Uamuzi ukaahirishwa hadi Jumapili ijayo.

Sasa sikilizeni. Sanduku letu ni la chuma, lina kufuli tatu. Funguo wanazo watu watatu: Mkatoliki, Mprotestanti na Mlokole, na kanuni inakataa wawe wa ukoo mmoja. Mtunza sanduku haruhusiwi kushika ufunguo hata mmoja. Hela zinahesabiwa mbele ya wote, jumla inatamkwa kwa sauti, kila mtu anaondoka nayo kichwani. Na wenzangu wote 27 ni watu wa kusali.

Dai langu ni kwamba Ukristo si msingi wa maadili. Ungekuwa msingi, tungenunua kufuli moja tu, ya panya. Karibuni.

#2 Baba Zawadi (Kasese)

Nimefika mapema. Chai ninayo, nakaa mbele.

#3 Askari wa Yesu

Zaburi 14:1. "Mpumbavu amesema moyoni, Hakuna Mungu." Uzi umeisha. Msimamizi funga.

#4 Katekista wa Hoima

Ndugu yangu #3, usikate mstari katikati. Huo huo unaendelea, "Hakuna atendaye mema," na ule wa tatu unaongeza, "hata mmoja." Paulo kwenye Warumi 3 anautumia kuwasema watu wote, Wayahudi kwa Wayunani. Ukimchapa nao FundiSimu, fimbo inakurudia mgongoni.

Na hapo ndipo lilipo jibu la kufuli. Fundi, unaziona kufuli tatu kama aibu ya Ukristo. Mimi naona ni mafundisho yake yakitendeka. Yeremia 17:9: "Moyo huwa mdanganyifu kuliko vitu vyote." Ningekuta sanduku la Wakristo halina kufuli, ningejua hao hawasomi kitabu chao.

#5 FundiSimu (Arua)

Katekista, jibu hilo sikulitegemea, nakiri. Lakini limekuleta upande wangu. Kama moyo wa anayesali ni mdanganyifu sawa na wangu, "anasali wapi" imebaki na kazi gani? Kinacholinda hela ni chuma na macho 28.

#6 Kijana wa Kisenyi (Kampala)

Watu 28 ni macho 56. Hata sanduku hujapewa umeshapoteza nusu.

#7 Baba Zawadi (Kasese)

😂😂 Nimemwaga chai.

#8 Mwalimu Mstaafu (Mbale)

Swali la Fundi ni la zamani kuliko Ukristo wenyewe. Plato, Mgiriki wa karne ya 4 kabla ya Kristo, aliandika jinsi Sokrate alivyokutana na mtu aitwaye Euthyphro nje ya mahakama. Euthyphro alikuwa anakwenda kumshtaki baba yake mzazi kwa mauaji, na hakuwa na shaka hata chembe kwamba miungu iko upande wake. Sokrate akamuuliza kitu ambacho hakijapata jibu la kuwaridhisha wote mpaka leo. Tukilileta Arua: je, kuiba sanduku ni kubaya kwa sababu Mungu amekataza, au Mungu amekataza kwa sababu ni kubaya?

Ukichagua la kwanza, kesho Mungu akiamuru wizi, wizi unakuwa mwema. Ukichagua la pili, ubaya wa wizi ulikuwepo kabla ya katazo, na Fundi anaweza kuuona bila kupita kanisani.

Niliwahi kuwapa swali hili kidato cha tano nikitumia Abrahamu na Isaka. Nusu ya darasa wakasema wangetii, wangechukua kisu. Nikawauliza, nani angependa nyumba yake ipakane na ya Abrahamu asubuhi ile? Hakuna mkono ulioinuka. Waliotii walikuwa wale wale.

#9 Katekista wa Hoima

Mwalimu, njia si mbili tu. Sisi tunasema Mungu hatungi wema kama anayetunga sheria za barabarani, wala hausomi kwenye ubao uliotundikwa juu yake. Yeye mwenyewe ndiye wema. Tomaso wa Akwino alifundisha kwamba akili ya binadamu inaufikia wema kwa maumbile yake, na Paulo alitangulia kusema, Warumi 2:14-15, kwamba watu wa mataifa wasio na sheria wameiandikiwa mioyoni. Kwa hiyo Fundi kuwa mwaminifu hakunishangazi. Redio inaimba vizuri hata kama haijui kituo kiko wilaya gani.

#10 FundiSimu (Arua)

Yaani nikiiba ni dhambi zangu, nisipoiba ni wema wa Mungu wako? Biashara hiyo sipati faida popote.

Na bado Mwalimu hajajibiwa. Ukisema Mungu ndiye wema, umejuaje kwamba yule wa 1 Samweli 15:3, aliyeagiza Waamaleki wauawe hadi watoto wanyonyao, si wema? Nikikuuliza utasema tafsiri, mazingira, Agano la Kale. Sawa. Lakini kuna kipimo unachotumia kuamua aya ipi iachwe kwenye mazingira yake na ipi ihubiriwe Jumapili. Kipimo hicho hakikutoka kwenye aya.

#11 Mfugaji wa Kiruhura

Nyinyi wasomi mnazunguka. Nitawaambia kitu kimoja kilichonipata, kisha mseme msingi uko wapi.

Mwaka 2016 nilipoteza ng'ombe wawili usiku mmoja, mmoja akiwa na mimba. Kila mtu alijua ni nani, hakuna aliyeona. Miaka mitatu baadaye jirani huyo anakuja kwangu na suti, Biblia kwapani, anapiga magoti sebuleni. Kaka, nimeokoka. Ni mimi niliyewachukua wale ng'ombe. Naomba unisamehe. Mke wangu akalia. Mimi nikamwambia nimekusamehe, sasa ng'ombe wako wapi?

Akanitazama kama nimemtukania mama. Akasema deni lake limelipwa msalabani. Nikamuuliza, limelipwa kwa nani? Maana kwangu halijafika.

Jumapili iliyofuata alitoa ushuhuda kanisani kwao, watu wakapiga makofi. Ng'ombe wangu wakawa sehemu ya ushuhuda. Na mimi niliyeibiwa ndiye naonekana na moyo mgumu, kwa sababu kila nikimwona namuuliza habari za ndama.

Sijaacha dini. Nilibatizwa na nitazikwa na padre. Lakini FundiSimu, hoja yako ya kufuli ni nyepesi. Nzito ni hii: dini ikimpa mtu njia ya kumalizana na Mungu bila kupita kwa yule aliyemdhulumu, inamfundisha nini? Mwizi asiye na dini angalau anajua bado namdai.

#12 Kijana wa Kisenyi (Kampala)

"Limelipwa kwa nani? Maana kwangu halijafika." Naiandika ukutani.

#13 Mjukuu wa Mlokole (Kabale)

Mfugaji, pole. Lakini huyo jirani angekuja mbele ya bibi yangu angefukuzwa na mwiko.

Bibi aliokoka kwenye uamsho ule wa Walokole uliotoka Gahini, Rwanda, miaka ya 1930, ukaingia kwetu Kigezi na wimbo wake wa Tukutendereza. Wale walikuwa na sheria isiyoandikwa: ungamo bila kurudisha ni kelele. Watu walirudisha mbuzi, majembe, hela za mwajiri. Bibi alirudisha jembe kwa mwanamke aliyekuwa hata hajajua limeibwa, akadhani lilipotea shambani. Alitembea nalo kichwani mchana kweupe ili wote waulize. Alituambia mguu wake ulikuwa unatetemeka kuliko siku ya kuolewa.

Na Biblia iko upande wake. Zakayo, Luka 19:8, alisema atarudisha mara nne. Kutoka 22 inasema aliyeiba ng'ombe akamchinja au kumuuza atalipa watano kwa mmoja. Wewe unadai kumi.

#14 Kijana wa Kisenyi (Kampala)

Na ndama?

#15 Mfugaji wa Kiruhura

Msiniongezee presha. Kumi nachukua hata leo, lori nakodi mwenyewe.

Ila Mjukuu, umeniponya nusu. Dini ile ile, kitabu kile kile, bibi yako alibeba jembe na jirani yangu alibeba maikrofoni. Kama msingi ni kitabu, mbona nyumba mbili hazifanani?

#16 Askari wa Yesu

Mnamshambulia Yesu kwa makosa ya watu. Stalin na Mao hawakuwa na Mungu, na tunajua waliua mamilioni. Hayo ndiyo maadili bila Mungu. FundiSimu jibu hilo kabla ya kupewa sanduku.

#17 Mwalimu Mstaafu (Mbale)

Stalin alisoma seminari huko Tiflis, kwa taarifa tu. Sisemi seminari ndiyo ilimfanya Stalin. Nasema orodha za wauaji hazitufikishi mbali, kila upande una yake, na ya kwetu wanaosali si fupi.

#18 Kijana wa Kisenyi (Kampala)

Tuje kwenye namba. Sensa ya 2014: Wakatoliki karibu 39 kwa mia, Anglikana 32, Waislamu karibu 14, Wapentekoste 11. Wasio na dini hata moja kwa mia hawafiki. Wimbo wa taifa unaanza na Mungu, kaulimbiu ya nchi ni "Kwa Mungu na Nchi Yangu." Sasa fungueni orodha ya rushwa ya Transparency International ya 2023. Uganda alama 26 kati ya 100, nafasi ya 141. Denmark, ambako makanisa Jumapili yana viti vingi kuliko watu, alama 90, nafasi ya kwanza. Na mabaati ya Karamoja mnayakumbuka, yaliyokusudiwa maskini yakaonekana kwenye mapaa ya wakubwa? Walioyapokea wanaanza kila mkutano kwa sala.

#19 Katekista wa Hoima

Kijana, Denmark ina kanisa la taifa la Kilutheri, na Wadenmark wengi bado ni washirika wake na wanalilipia kodi. Hawaendi, lakini wamekulia kwenye kivuli chake miaka mia kadhaa. Na Botswana je? Wakristo tele, Waafrika kama sisi, na kwenye orodha yako wako juu yetu mbali. Pengine tunapima mishahara na mahakama, tunadhani tunapima sala.

#20 FundiSimu (Arua)

"Pengine tunapima mishahara na mahakama." Katekista, hiyo ni kufuli tatu kwa jina lingine. Karibu nyumbani.

#21 Bint Bombo

Salaam alaykum. Nimesoma kurasa zote. Mnaongea kama nchi hii ilianza na mapadre.

Uislamu ulifika ikulu ya Buganda mwaka 1844, miaka 33 kabla ya wamisionari wa kwanza. Inasimuliwa kwamba Kabaka Suuna alikuwa anaagiza watu wauawe kama ilivyokuwa desturi, na mfanyabiashara Ahmed bin Ibrahim akasimama mbele yake akamwambia: watu hawa wameumbwa na Mungu, na wewe pia umeumbwa naye, utawaulia nini? Mgeni, hana jeshi, ana vitambaa vya kuuza tu, anamkanya mfalme mbele ya baraza lake. Sasa Fundi, mtu kama yule ukimwondolea Mungu, anasimama juu ya nini? Angesema nini kwa Suuna? "Naona si vizuri"?

#22 Mwalimu Mstaafu (Mbale)

Bint Bombo, hii ndiyo hoja bora ya upande wenu tangu uzi uanze. Juu ya mfalme kuwe na mtu wa kumshtakia. Askofu mkuu Janani Luwum naye alisimama hapo hapo mwaka 1977, maaskofu wakaandika barua kumlalamikia Amin, na Februari 16 akauawa.

#23 FundiSimu (Arua)

Nawavulia kofia wote wawili, kwa dhati. Lakini wao wanaonyesha kwamba imani inampa mtu ujasiri. Ujasiri ni petroli, haukuambii gari linaelekea wapi. Mashahidi 22 wa Namugongo walikufa kwa imani, na miaka sita baadaye Wakatoliki na Waprotestanti walewale walioomboleza pamoja wakapigana vita Mengo, Januari 1892, kwa imani pia.

#24 Katekista wa Hoima

Sahihisho. Waliotangazwa watakatifu na Papa Paulo VI mwaka 1964 ni 22, hao ni Wakatoliki. Waanglikana wana 23 wao. Jumla 45, na si wote waliokufa Namugongo.

#25 Bint Bombo

Sahihisho juu ya sahihisho. Miaka ya 1870, wakati wa Mutesa, vijana Waislamu wa ikulu waliuawa kwa kukataa kula nyama aliyochinjiwa Kabaka na wasio Waislamu. Sikukuu ya kitaifa ya kuwakumbuka hawana.

#26 Dereva wa Mutukula

Nimeingia kutafuta uzi wa bei ya dizeli nikakuta mnapigana vita ya Mengo.

Niulize kitu. Kampala ukigonga mlango usiku ukasema "Fungua" kwa Kiswahili, mwenye nyumba anatokea dirisha la nyuma anakimbia. Kwao Kiswahili ni lugha ya askari na majambazi. Sasa sisi wenye lugha ya majambazi ndio tunatafuta msingi wa maadili?

#27 Nakato (Masaka)

Dereva, mimi Muganda na nimejifunza Kiswahili ukubwani, mama yangu mpaka leo akinisikia kwenye simu anauliza nimekosana na nani. 🤣

Lakini banange, mbona hakuna aliyetaja *obuntubulamu*? Kwa Kiswahili ni utu, ila utu ulio mzima, wenye afya. Mtoto wa kwetu anaambiwa "huna obuntubulamu" kabla hajajua Amri Kumi ni ngapi. Humpiti mtu mzima bila kumsalimu, humnyimi mgeni maji, hucheki mwenye msiba. Haya hayakuja na meli. Wamisionari waliyakuta, wakayabatiza, sasa tunaambiwa ni yao. Waswahili nanyi mna "mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu." Hiyo na Mathayo 7:12, "yo yote myatakayo mtendewe na watu, nanyi watendeeni vivyo hivyo," tofauti iko wapi? Ya kwenu ina nguruwe tu.

#28 Mjukuu wa Mlokole (Kabale)

Dada Nakato, nakubali nusu. Njoo Ziwa Bunyonyi nikuonyeshe kisiwa kidogo kinaitwa Akampene. Ni majani na mti mmoja mkavu. Zamani msichana akipata mimba kabla ya kuolewa, alipelekwa pale kwa mtumbwi akaachwa afe njaa au azame akijaribu kuogelea. Waliompigia kasia walikuwa baba na kaka zake, watu wa heshima zao, wanaosalimia wazee. Desturi ile ilikufa baada ya wamisionari na serikali ya kikoloni kuingia. Kwa hiyo utu wetu nao ulikuwa na kisiwa chake.

#29 Nakato (Masaka)

Umeniweza. Lakini mwanamume maskini asiye na ng'ombe wa mahari alikuwa anakwenda kisiwani kujiokotea mke, au siyo? Kumbe hata pale kulikuwa na mtu anayepiga kasia kurudi.

#30 Mjukuu wa Mlokole (Kabale)

Hilo kweli, wazee wanasimulia. Ila alifuata mke wa bure, tusimfanye mtakatifu.

#31 Msimamizi

Jumbe nne zimefutwa (matusi, na mmoja kutangaza dawa ya nguvu za kiume). Ile mada ya sheria ya 2023 dhidi ya ushoga ina uzi wake, msiilete hapa. Endeleeni.

#32 Kimya wa Rukungiri

Mimi huwa nasoma tu. Leo nitaandika kwa sababu ya Fundi #23.

Kanungu, 1999, kanisa lilichomwa na watu ndani, mamia. Shangazi yangu alikuwemo. Watu huwataja kama wendawazimu. Shangazi hakuwa mwendawazimu. Kikundi kile kilijiita cha kurejesha Amri Kumi za Mungu, na walizishika kuliko mtu yeyote ninayemjua. Walikuwa hawaongei, wanatumia ishara za mikono, kwa sababu ukinyamaza huwezi kumshuhudia jirani yako uongo. Aliuza shamba lake, akawapa hela yote. Mara ya mwisho kumwona alinipungia mkono tu barabarani, hakutoa neno. Nilikuwa na miaka tisa, nikadhani amenikasirikia.

Watu waliogopa hata kusema uongo. Na waliokuwa wanawaongoza waliwaua. Mpaka leo nikisikia "hofu ya Mungu" naona ule mkono.

#33 Katekista wa Hoima

Pole sana ndugu. Sina hoja hapa.

#34 Mwalimu Mstaafu (Mbale)

Pole. Kwa kumbukumbu tu, moto ulikuwa Ijumaa Machi 17, 2000. Walikuwa wametabiri dunia iishe mwisho wa 1999, isipoisha waumini wakaanza kudai mali zao. Pengine ndiyo maana mwaka huo unakukaa kichwani.

#35 Kimya wa Rukungiri

Ndiyo, 2000. Asante Mwalimu.

#36 Mwana wa Kasensero

Nami niongeze, kisha nirudi ziwani. Mwaka 1994 maiti kutoka Rwanda zilishuka na Mto Kagera zikaingia ziwani kwetu. Nchi ile ilikuwa ya Wakristo, wengine waliuawa ndani ya makanisa walikokimbilia. Baba yangu alizika. Hakuwa mtu wa kanisa, wala msikiti, alikuwa mtu wa pombe na nyavu. Samaki hakuna anayenunua, watoto tuna njaa, na yeye kila asubuhi anafunga kitambaa puani anakwenda kuvuta watu asiowajua. Makaburi yapo Kasensero, Lambu na Ggolo, nendeni mkaone.

Nilimuuliza siku moja kwa nini. Akasema, "Sasa ungewaacha pale?"

#37 Askari wa Yesu

Huyo baba yako alikuwa Msamaria mwema. Luka 10. Tunarudi kwenye Biblia tu.

#38 Mwana wa Kasensero

Msamaria hakuwa wa dini ya waliomsikiliza Yesu. Padre na Mlawi ndio walipita ng'ambo. Nami nimesoma.

#39 Mama Hazina (Busia)

Nimetunza hela za vikundi vitatu kwa miaka kumi na moja, soko la mpakani. Niwaambie wanaume wenye vitabu: yule mama wa dagaa hamjamwelewa hata mmoja wenu.

"Anasali wapi" si swali la Mungu. Ni swali la mdhamini. Mlokole akitoroka na sanduku, najua nikagonge mlango gani: mchungaji wake, kwaya yake, kina mama wa maombi wanaojua mpaka kijiji cha shangazi yake. Mwislamu, nakwenda kwa sheikh. Padre mmoja wa huku alimrudisha mtu kutoka Eldoret kwa simu tatu. Wewe Fundi ukitoroka, nipige simu kwa Sokrate?

Kwa hiyo acha kutuambia hamna Mungu. Tuambie watu wako ni akina nani.

#40 Kijana wa Kisenyi (Kampala)

"Nipige simu kwa Sokrate" 😭😭 Mwalimu uko salama?

#41 Mwalimu Mstaafu (Mbale)

Nimekaa chini.

#42 Katekista wa Hoima

Mama Hazina kasema vizuri lakini kaifanya Kanisa kuwa ofisi ya kutafuta wadaiwa. Nauliza, hao kina mama wa maombi wanakubali kusumbuka kwa ajili ya hela isiyo yao kwa sababu gani?

#43 Mama Hazina (Busia)

Kwa sababu wiki ijayo itakuwa yao, padre.

#44 Katekista wa Hoima

Si padre, mimi katekista. Mke wangu anasoma humu.

#45 FundiSimu (Arua)

Nimerudi na habari za Jumapili.

Kikao hakikukaa. Kanisani kwa wale wengi kulikuwa na mhubiri mgeni, ibada ikavuka saa tisa, tukafika watu kumi na moja tu, kanuni inataka kumi na tisa. Mwenye ufunguo wa pili ndiye alikuwa mkalimani wa mhubiri. Tumeahirisha tena.

Lakini jana Jumatatu yule mama wa dagaa kaja kibandani kwangu na simu yake, kioo kimepasuka. Kaiweka mezani, kaniambia hela zake zote za dagaa zimo humo kwenye simu, nisiizime. Nikamtazama. Nikamwambia, mama, Jumapili ile ulisema sina kitu cha kunizuia, leo unaniachia hela zote unakwenda zako?

Akasema, "Ina namba ya siri."

#46 Baba Zawadi (Kasese)

Chai nyingine imemwagika.

#47 Mama Hazina (Busia)

Huyo mama mpeni yeye sanduku.

#48 Mfugaji wa Kiruhura

Fundi, simu umemtengenezea?

#49 FundiSimu (Arua)

Bado. Kioo cha aina ile kinatoka Kampala, kinakuja na basi la kesho usiku. Nimemwazima yangu ya batani apigie wateja.